ALAN PAGE: BEKI ALIYEKUWA JAJI

Wahenga walisema, usiache mbachao kwa msala upitao. Methali hii tumeikariri tangu shule ya msingi, na wengi wetu tumewahi kuiandikia insha. Lakini mimi nilikuja kuielewa barabara niliposoma habari za Mmarekani mmoja aitwaye Alan Page. Msomaji mpenzi, hebu keti nami kidogo nikusimulie.

Kwanza niungame jambo. Mimi ni beki katika timu ya kandanda ya shule yetu, na beki hana sifa. Mfungaji akitia bao hubebwa mabegani. Beki akiokoa mabao matano hakuna anayekumbuka, lakini akiteleza mara moja tu shule nzima inamjua kwa jina. Basi niliposikia kwamba kuna mlinzi aliyewashinda washambulizi wote akatangazwa mchezaji bora wa ligi nzima, nilitega masikio. Kumbe hiyo ilikuwa nusu tu ya hadithi.

MCHEZO WENYEWE

Kandanda ya Kimarekani si kama kandanda yetu. Inakaribiana zaidi na raga. Mpira wake una umbo la yai, na kila timu huwa na wachezaji 11 uwanjani, wamevaa kofia ngumu kichwani na vikinga vya mabega. Kutoka mstari mmoja wa goli hadi mwingine ni yadi 100. Timu yenye mpira hupewa nafasi nne za kusonga mbele yadi 10. Ikifaulu hupewa nafasi nne nyingine. Ikishindwa, wapinzani wanapewa mpira. Ukiufikisha mpira katika eneo la mwisho la adui, timu yako inapata pointi 6.

Ajabu ni kwamba katika ligi hiyo ya kulipwa wanaoshambulia na wanaolinda ni watu tofauti. Mpira ukienda upande wa pili, kikosi cha mashambulizi hutoka nje na kikosi cha ulinzi huingia. Kiongozi wa washambulizi ni kwotabeki, yule anayepokea mpira kwanza na kuamua ampe nani au amrushie nani. Mbele yake husimama majitu yenye miraba minne kumkinga. Mlinzi wa mstari wa mbele kazi yake ni kuupasua ukuta huo na kumwangusha kwotabeki kabla hajaurusha mpira. Hata Mkenya amewahi kujaribu ulinzi wa mchezo huu: mwaka 2013 Daniel Adongo, aliyekuwa mchezaji wa raga, alisajiliwa na timu ya Indianapolis Colts.

Alan Page alikuwa mlinzi wa kati katika mstari huo wa mbele. Alikuwa mrefu wa kama mita 1.93, lakini silaha yake kubwa haikuwa unene. Ilikuwa wepesi. Mpira ukiguswa tu, tayari ameshapita.

KIJANA WA CANTON

Page alizaliwa tarehe 7 Agosti 1945 katika mji wa Canton, jimbo la Ohio. Canton ulikuwa mji wa viwanda vya chuma, na kazi ya kiwandani ndiyo iliyowangoja vijana wengi weusi. Wazazi wake hawakutaka hivyo. Waliwahimiza watoto wao wasome. Mama yake alifariki Page alipokuwa na umri wa miaka 13.

Mwaka 1954, Page akiwa na miaka minane, Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwamba kuwatenga watoto weusi na weupe katika shule za umma ni kinyume cha katiba. Baadaye Page alieleza kwamba uamuzi huo ulimwonyesha nguvu ya sheria. Kwa hiyo ndoto ya uwakili ilianza mapema, hata kabla ya mchezo.

Akiwa bado kijana, alifanya kibarua cha mjengo palepale Canton, katika ujenzi wa jumba la kuwaenzi mashujaa wa kandanda ya Kimarekani, lililofunguliwa mwaka 1963. Tafadhali likumbuke jumba hilo, tutalirudia.

Alijiunga na Chuo Kikuu cha Notre Dame, akawa katika timu iliyotwaa ubingwa wa vyuo vikuu mwaka 1966, na mwaka 1967 akahitimu shahada ya sayansi ya siasa.

WALA WATU WA ZAMBARAU

Mwaka huohuo wa 1967 alichaguliwa na timu ya Minnesota Vikings. Pamoja na wenzake Carl Eller, Jim Marshall na Gary Larsen waliunda mstari wa ulinzi ulioogopwa kama simba. Watu waliwabandika jina Purple People Eaters, yaani Wala Watu wa Zambarau, kwa sababu jezi zao zilikuwa za rangi hiyo.

Mwaka 1971 Page alipata tuzo ya mchezaji bora wa ligi inayotolewa na shirika la habari la AP. Hakuna mlinzi aliyekuwa ameipata kabla yake. Baada yake ameipata mlinzi mmoja tu, Lawrence Taylor, mwaka 1986. Mabeki wenzangu, mnasikia? Wawili tu! Katika miaka 15 Page alicheza mechi 218 za ligi, na kwa mikono yake alizuia mikwaju 28 ya wapinzani.

Lakini usidhani mambo yalikuwa asali tupu. Vikings walifika fainali kuu ya Super Bowl mara nne, wakashindwa zote nne: na Kansas City mwaka 1970, Miami mwaka 1974, Pittsburgh mwaka 1975 na Oakland mwaka 1977. Mlinzi bora duniani, na kikombe hakukigusa. Hapo ndipo nilipoanza kujiuliza: ikiwa hata yeye uwanja haukumpa yote, sisi utatupa nini?

MWAKA WA 1978

Page hakuwa mtu wa kungoja uwanja umpe yote. Zamani kidogo alijaribu kusomea sheria akaacha baada ya wiki tatu tu, maana masomo yalimlemea. Wengi wetu tungesema, "Basi, hii si yangu," tukarudi kupiga mpira. Yeye mwaka 1975 alirudi darasani, safari hii katika Chuo Kikuu cha Minnesota, huku akiendelea kucheza katika ligi ngumu kuliko zote za mchezo huo. Hebu fikiria: Jumapili unagongana na majitu, halafu vitabu vya sheria vinakungoja nyumbani.

Wakati huohuo alianza kupenda mbio za masafa marefu. Mwili ukapungua. Wakuu wa timu hawakufurahi, wakasema amekuwa mwepesi mno kwa kazi ya mstari wa mbele. Oktoba 1978, katikati ya msimu, Vikings walimwacha. Miaka 11 ya jasho, kisha kwaheri! Timu ya Chicago Bears ilimchukua, na akawachezea mpaka mwaka 1981. Mwaka 1979, angali mchezaji wa kulipwa, alimaliza mbio za marathoni. Sisi Wakenya tunajua kilomita 42 si mchezo.

Sasa msomaji, angalia tarehe vizuri. Mwaka huohuo wa 1978, ambao timu yake ilimwambia hafai tena, ndio mwaka aliopata shahada yake ya sheria. Mlango mmoja ulifungwa huku mwingine ameshaufungua mwenyewe. Lau angengoja aachwe ndipo atafute kitabu, angekuwa amechelewa.

KUTOKA UGANI HADI MAHAKAMANI

Page alifanya kazi katika kampuni ya mawakili, kisha tangu mwaka 1985 katika ofisi ya Mkuu wa Sheria wa jimbo la Minnesota. Kule, majaji wa Mahakama ya Juu ya jimbo huchaguliwa kwa kura. Mwaka 1992 alitaka kugombea, lakini gavana akawa ameongeza muda wa jaji aliyekuwepo, kwa hiyo uchaguzi usingefanyika. Page hakupiga kelele barabarani. Alikwenda kortini na akashinda, uchaguzi ukafanyika, akashinda tena. Januari 1993 akawa jaji wa kwanza mweusi katika historia ya mahakama hiyo. Alichaguliwa tena mwaka 1998, 2004 na 2010, na akastaafu mwaka 2015 alipotimiza miaka 70, kama sheria ya jimbo inavyotaka. Uwanjani alikaa miaka 15. Katika kiti cha ujaji alikaa zaidi ya miaka 22.

Na lile jumba la Canton? Mwaka 1988, miaka 25 baada ya kufunguliwa, Page aliingizwa humo kama shujaa. Yule kijana wa mjengo! Desturi ni kumwita kocha au mchezaji mwenzako akutambulishe. Yeye alimwita mwalimu mkuu wa shule moja ya upili ya mjini Minneapolis. Na katika hotuba yake hakujisifu kwa mechi. Alisimulia kikao kimoja cha walinzi wa Vikings, ambapo ilidhihirika kwamba baadhi yao hawakuweza kusoma kitabu cha mbinu za timu. Hawa walikuwa watu waliopita shuleni na vyuoni! Kwa kuwa walijua mpira, walisukumwa mbele darasa baada ya darasa, na hakuna aliyejali kama wanajua kusoma.

Mwaka huohuo yeye na mkewe, Diane, walianzisha mfuko wa kuwasaidia vijana weusi na wa jamii nyingine za wachache kulipa karo ya vyuo. Sharti lilikuwa moja zuri sana: kila anayesaidiwa lazima naye aende kuwafundisha na kuwaongoza watoto wadogo shuleni, saa zisizopungua 50 kwa mwaka. Maelfu walifaidika. Mwaka 2017 shule moja ya Minneapolis ilipewa jina lake baada ya wanafunzi wenyewe kudai libadilishwe, kwa sababu jina la zamani lilikuwa la gavana Alexander Ramsey, ambaye katika karne ya 19 alitaka Wahindi Wekundu wa Minnesota waangamizwe au wafukuzwe. Na mwaka 2018 Page alitunukiwa Nishani ya Rais ya Uhuru, heshima kuu ya raia nchini Marekani.

Uwanja nao ulimwachia ukumbusho: kidole chake kidogo kilichoumia mchezoni kilibaki kimepinda upande kama pembe ya mraba. Mwaka 2013, pamoja na binti yake Kamie ambaye ni mwalimu, alitoa kitabu cha watoto kuhusu kidole hicho. Hata jeraha aliligeuza somo.

Ninaandika haya nikimfikiria rafiki yangu mmoja, ambaye jina lake nalihifadhi. Alikuwa mshambulizi hodari kuliko sisi sote. Katika kidato cha pili alituaga, ati vitabu vinampotezea wakati, akaenda kuchezea timu ya mtaani. Msimu haukuisha kabla goti halijaharibika. Siku hizi ninapopita stendi asubuhi nikija shule, tunasalimiana. Yeye huniuliza, "Mechi lini?" Mimi humjibu, halafu tunanyamaza.

Simwambii mtu aache mpira. Mimi mwenyewe jioni hii nitakuwa ugani, nambari tano mgongoni. Lakini nikitoka huko nitaoga, nitawasha taa na kufungua kitabu, kwa sababu hata Alan Page, mlinzi bora wa wakati wake, kuna siku aliambiwa aende zake. Tofauti ni kwamba yeye alikuwa na pa kwenda.

Rafiki yangu, ukiusoma ukurasa huu, ujue dawati lako bado lipo. Hakuna aliyelikalia.