Nyuso za akina mama juu ya mapaa ya Kibera

Mnamo Januari 2009, mwaka mmoja tu baada ya ghasia za uchaguzi, msanii Mfaransa ajulikanaye kwa jina la JR alibandika picha za macho ya wanawake wa Kibera, jijini Nairobi, ubavuni mwa mabehewa ya treni. Sehemu za chini za nyuso hizo ziliwekwa kwenye mabati mtelemkoni, chini ya reli. Kila treni ilipopita, nyuso zilikamilika kwa nukta chache. Sanaa kama hiyo haihamishiki.

Picha nyingine zilifunika mapaa yenye ukubwa wa mita 2,000 mraba hivi. Hapo JR hakutumia karatasi, bali plastiki ngumu isiyopitisha maji. Mapaa hayo yalikuwa yakivuja. Wenyeji wakaziacha picha zikae.