Steven Van Zandt ni nani, na kwa nini aliimba kuhusu Sun City?

Msikilizaji, tulipozungumzia hewani wasanii wanaokataa shoo zenye pesa nyingi, wengi mlituma ujumbe mkiuliza: yule mzungu wa kitambaa kichwani aliyeimba kupinga ubaguzi Afrika Kusini ni nani? Dakika za redio hazikutosha. Haya ndiyo maelezo.

Anaitwa Steven Van Zandt, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1950 na kukulia jimbo la New Jersey. Anapiga roki, ule muziki wa magitaa ya umeme. Mwaka 1975 alijiunga na E Street Band, bendi ya rafiki yake wa tangu ujana, Bruce Springsteen.

Baadaye aliiacha bendi hiyo ili aimbe nyimbo zake mwenyewe, nyingi zikiwa za siasa. Mwaka 1984 Springsteen akatoa albamu ya Born in the U.S.A., ikauza mamilioni ya nakala. Ni kama mtu aliyeteremka kwenye basi kituo kimoja kabla ya mjini.

Mwaka huohuo Van Zandt alikwenda Afrika Kusini kujionea hali. Huko kulikuwa na Sun City, hoteli ya kifahari yenye kasino, iliyofunguliwa mwaka 1979 sehemu iitwayo Bophuthatswana. Serikali ya makaburu ilikuwa imetenga vipande vya ardhi kwa ajili ya watu weusi na kuviita nchi huru, ili mtu mweusi ahesabiwe mgeni katika Afrika Kusini yake mwenyewe. Umoja wa Mataifa haukuitambua "nchi" hiyo.

Hapo ndipo ulipokuwa mtego. Wasanii walikuwa wametakiwa wasiende kutumbuiza Afrika Kusini, lakini hoteli iliweza kusema hapa si Afrika Kusini. Malipo yalikuwa manono na mastaa wakaenda. Frank Sinatra alikwenda mwaka 1981. Queen, bendi ya Freddie Mercury, mzaliwa wa Zanzibar, ilikwenda mwaka 1984.

Van Zandt alirudi kwao akaandika wimbo, akauita Sun City. Ulitoka mwaka 1985. Yeye na mtayarishaji Arthur Baker walikusanya wasanii wengi: Miles Davis wa jazi, Jimmy Cliff wa rege, Run-DMC wa rap, Bob Dylan, na Springsteen mwenyewe. Wote walitoa ahadi moja: hatutapiga muziki Sun City. Baada ya hapo, msanii hakuweza tena kusema hakujua.

Vituo vingi vya redio Marekani havikuupiga. Mimi kama mtangazaji, hilo hunifikirisha. Hata hivyo wimbo ulichangisha zaidi ya dola milioni 1 kwa ajili ya mapambano. Mwaka 1986 Bunge la Marekani likapitisha vikwazo dhidi ya makaburu, ingawa Rais Reagan alikuwa ameikataa sheria hiyo.

Tusidanganyane, wimbo peke yake haukuangusha ubaguzi. Uliangushwa na watu wengi, wakiwemo vijana wa ANC waliosoma Mazimbu, hapa kwetu Morogoro. Lakini ulifika masikioni mwa watu wasiosoma hotuba za wanasiasa.

Na uigizaji je? Huo ulikuja baadaye, bila kutafutwa. Mtunzi David Chase alimwona kwenye televisheni akitoa hotuba, akampenda. Van Zandt hakuwa mwigizaji, lakini mwaka 1999 alitokea kwenye tamthilia ya The Sopranos kama Silvio Dante, mshauri wa bosi wa genge. Alikuwa na miaka 48. Tamthilia ilidumu hadi mwaka 2007, na mwaka huohuo wa 1999 alirudi E Street Band. Tangu mwaka 2002 anaendesha pia kipindi cha redio. Ni mwenzetu.

Sasa zamu yako, msikilizaji. Msanii unayempenda akiitwa kutumbuiza mahali panapodhulumu watu, aende au asiende? Tutumie ujumbe, tutausoma hewani.