Bibi, piano na mjukuu mchekeshaji: Malezi yaliyomtoa Jamie Foxx

Ukiitwa shuleni ukaambiwa mwanao wa darasa la pili hakai kimya, kila akifungua mdomo wenzake wanavunjika mbavu, unafanya nini? Wengi wetu tunajua jibu. Jioni hiyo nyumbani hapakaliki.

Katika mji mdogo wa Terrell, jimbo la Texas nchini Marekani, mwalimu mmoja aliamua vingine. Aliwaahidi wanafunzi kwamba wakitulia na kufanya kazi zao, atampa Eric nafasi awasimulie vichekesho. Mtoto aliyekuwa akivuruga darasa akawa ndiye zawadi ya darasa.

Eric Marlon Bishop, mtoto huyo, ndiye ambaye leo dunia inamfahamu kwa jina la Jamie Foxx. Wengi hapa walimjua kupitia filamu, hasa Django Unchained ya mwaka 2012, na wapo wanaomjua kwa nyimbo zake. Lakini kazi iliyomtoa ni kusimama peke yake jukwaani na kipaza sauti, akachekesha watu. Kabla ya vichekesho kulikuwa na piano, na kabla ya piano kulikuwa na bibi.

Mtoto wa miezi saba

Eric alizaliwa Desemba 13, 1967. Wazazi wake walitengana mapema, na akiwa na miezi saba alichukuliwa na Mark na Estelle Talley, wazee waliokuwa wamemlea mama yake.

Hapa pana jambo ambalo watu hulipita haraka. Estelle hakuwa bibi yake wa damu. Mama yake Eric naye alikuwa mtoto wa kuasili katika nyumba ileile. Kwa hiyo mwanamke huyu alimchukua mtoto wa watu akamlea, na mtoto yule alipokuja kupata mtoto wake, akamchukua na huyo pia. Hawakuwa watu wenye fedha. Mzee Mark alifanya kazi za kutunza bustani na nyua za watu. Estelle alifanya kazi za ndani na kuangalia watoto wadogo.

Bibi huyu aliamua mjukuu atajifunza piano, na alimwanzisha akiwa na miaka mitano hivi. Mtoto alitaka kwenda nje kucheza na wenzake, kama mtoto yeyote. Bibi hakuyumba. Mazoezi kwanza.

Kufikia ujana, Eric alikuwa akipiga piano na kuongoza kwaya katika Kanisa la New Hope Baptist mjini hapo. Shuleni alicheza futiboli ya Kimarekani katika nafasi ya mpiga pasi mkuu wa timu, akawa wa kwanza katika historia ya shule yake kupiga pasi za zaidi ya yadi 1,000. Magazeti ya Dallas yalimwandika. Baba yake mzazi, kwa maelezo ya Foxx mwenyewe, hakuja kumtazama hata mara moja. Amelisema hilo kwenye mahojiano akiwa mtu mzima mwenye kila kitu, na unaona bado linamuuma.

Bibi, kwa upande wake, alikuwa mkali. Simama wima, mabega nyuma, kaa kama mtu mwenye akili zake. Hayo ndiyo maneno aliyokua akiyasikia. Na fimbo ilitembea. Mimi si mshabiki wa fimbo, na sitaki mzazi yeyote asome habari hii akatafuta ruhusa ya kumpiga mtoto. Ila Foxx anapomkumbuka bibi, kinachomkaa zaidi moyoni ni kile kilichofuata baada ya adhabu: bibi aliketi naye na kumweleza kwa nini, na anataka awe mtu wa namna gani. Ni wangapi kati yetu tunafika kwenye sehemu hiyo ya pili?

Jina la kike, zamu ya kwanza

Piano ndiyo iliyomtoa Terrell. Alipata ufadhili wa kusoma muziki katika chuo kikuu cha San Diego, California, akajifunza piano ya klasiki. Mpango wake ulikuwa muziki.

Mwaka 1989, rafiki yake wa kike alimchokoza apande jukwaani katika klabu ya vichekesho usiku ambao mtu yeyote anaruhusiwa kujaribu. Alipanda, watu wakacheka, naye akaendelea kurudi. Tatizo likawa foleni. Majina yalikuwa mengi na zamu zilikuwa chache. Akagundua kwamba wanawake, kwa kuwa walikuwa wachache, waliitwa mapema. Basi akaacha kuandika Eric na kuandika majina yanayoweza kuwa ya mwanamke au mwanamume. Jamie Foxx lilikuwa mojawapo, na Foxx alilichukua kwa heshima ya mchekeshaji mkongwe Redd Foxx. Likaitwa la kwanza. Akapanda mwanamume.

Mwaka 1991 aliingia katika kipindi cha televisheni cha In Living Color, ambako alijulikana sana kwa kuigiza mwanamke aitwaye Wanda. Kisha akapata kipindi chake mwenyewe, The Jamie Foxx Show, kilichorushwa kuanzia 1996 hadi 2001 kikafikisha sehemu 100. Humo aliigiza kijana wa Terrell anayefanya kazi katika hoteli ya ndugu zake Los Angeles huku akiota kuwa msanii. Hakuhitaji kutafuta mbali hadithi hiyo.

Muziki haukumfungulia mlango haraka hivyo. Albamu yake ya kwanza, Peep This, ilitoka mwaka 1994 na haikutikisa. Ya pili ilikuja miaka 11 baadaye. Watu walimtaka achekeshe, basi akachekesha, na piano ikabaki kama kitu cha pembeni anachokitumia kunogesha vichekesho vyake.

Halafu likaja suala la Ray Charles.

Noti iliyokosewa

Mwongozaji Taylor Hackford alikuwa anatafuta mtu wa kuigiza maisha ya mwanamuziki huyo asiyeona. Foxx alipelekwa kwa Ray Charles mwenyewe, wakakaa kila mmoja na piano yake, wakaanza kupiga. Mzee akaongeza ugumu, akahamia kwenye muziki wa Thelonious Monk, ambao si wa kubahatisha. Foxx akakosea noti. Ray akasimama, akamuuliza kwa nini amefanya vile wakati noti zote ziko chini ya vidole vyake. Wakaendelea mpaka alipoipata.

Mchekeshaji ambaye hakulazimishwa kukaa kwenye kiti cha piano akiwa na miaka mitano asingemaliza kikao kile. Katika filamu hiyo, Ray, Foxx alipiga piano mwenyewe, macho yake yakiwa yamezibwa kwa vifuniko vilivyomfanya asione kwa saa nyingi kila siku ya kazi.

Ray Charles alifariki Juni 2004. Filamu ilitoka mwishoni mwa Oktoba mwaka huohuo, na mwezi huohuo bibi Estelle naye akafariki. Alikuwa na miaka 95. Februari 2005 mjukuu alipanda jukwaani kupokea tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora wa kiume. Usiku huo alikuwa ameteuliwa mara mbili, kwa Ray na kwa Collateral. Alikuja na binti yake Corinne, na katika hotuba alimtaja bibi kuwa mwalimu wake wa kwanza wa uigizaji, ambaye sasa anazungumza naye ndotoni.

Baada ya hapo hata muziki ulikubali. Albamu yake ya pili, Unpredictable, ilifika namba moja Marekani mwanzoni mwa 2006, na wimbo wa Blame It alioimba na T-Pain ukampa tuzo ya Grammy. Katika video ya wimbo huo yumo mdogo wake, DeOndra Dixon, aliyezaliwa na hali ya Down, akicheza. Foxx hakumficha ndugu yake ndani wageni walipokuja. Alimweka mbele ya kamera. DeOndra alifariki Oktoba 2020 akiwa na miaka 36.

Mwaka uliofuata Foxx alitoa kitabu kuhusu kulea binti zake wawili, Corinne na Anelise. Alikipa jina kutokana na yale maneno ya bibi kuhusu kukaa kama mtu mwenye akili, Act Like You Got Some Sense, na utangulizi akauandika Corinne. Mwaka huohuo walitengeneza pamoja tamthilia ya vichekesho kuhusu baba anayemwaibisha binti yake. Iliishia msimu mmoja.

Siku 20 zisizokumbukwa

Aprili 2023, akiwa Atlanta kwenye kazi ya filamu, kichwa kilimuuma vibaya. Aliomba dawa ya maumivu. Kabla ya kuinywa, alipoteza fahamu. Daktari wa kwanza alimchoma sindano na kumruhusu aondoke. Dada yake, Deidra Dixon, hakuridhika. Akamrudisha kwenye gari na kutafuta hospitali nyingine. Huko ikagundulika kuwa damu imevuja kwenye ubongo na kusababisha kiharusi.

Foxx anasema hakumbuki takriban siku 20. Alipozinduka alikuwa kwenye kiti cha magurudumu, hawezi kutembea. Familia ilifunga midomo, huku mitandaoni kila mtu akiwa daktari.

Katika siku zile mbaya, presha na mapigo ya moyo vilikuwa juu na madaktari walitaka vishuke. Hawakutaka binti yake mdogo, Anelise, aliyekuwa na miaka 14, amwone baba yake katika hali ile. Anelise aliingia kimyakimya na gitaa lake, akasema anajua baba anachohitaji, akaanza kupiga. Kwa simulizi ya baba yake, vipimo vilishuka. Wauguzi walipokuja kuuliza kulikoni, walimkuta mtoto anapiga gitaa.

Desemba 2024 Foxx alirudi kwenye kazi yake ya kwanza kabisa. Onyesho lake la vichekesho, What Had Happened Was..., lilitoka Netflix baada ya kurekodiwa Atlanta, jiji lilelile alikougulia. Alichekesha kuhusu kiti cha magurudumu, wauguzi na uvumi wa mitandaoni, na katikati ya vicheko alilia zaidi ya mara moja. Alipofika kwenye kisa cha chumba cha hospitali, Anelise alipanda jukwaani na gitaa lake, akapiga.