Shaka Haishibi Ushahidi

Mwaka 2003 watafiti wawili wa Uholanzi, Marcel van den Hout na Merel Kindt, waliwaketisha wanafunzi wa chuo kikuu mbele ya kompyuta na kuwapa kazi ya kuchosha: kuwasha na kuzima jiko la gesi lililochorwa kwenye skrini, kisha kuhakiki kama kweli limezimwa. Kundi moja lilirudia kulihakiki jiko hilo mara 20. Kundi la pili lilihakiki taa. Mwishoni wote wakaulizwa kuhusu jiko. Walilikumbuka kwa usahihi uleule, makundi yote mawili. Tofauti ilikuwa kwamba waliolihakiki jiko mara 20 hawakuwa tena na imani na kumbukumbu zao. Walijua, lakini hawakuamini kwamba wanajua.

Katika fani yetu ya tiba ya akili utafiti huu mdogo una heshima kubwa, kwa sababu unapindua jambo ambalo karibu kila familia hulielewa vibaya. Mtu anayerudi mlangoni mara ya saba kutikisa kitasa huitwa msahaulifu. Wala si msahaulifu. Anakumbuka vizuri kuwa amefunga. Ila kila anaporudi, tendo lenyewe linazidi kufanana na lile lililotangulia, maelezo yake yanafifia, na shaka inapata mahali pa kukaa. Anaitibu shaka kwa kitu kilekile kinachoizalisha.

Mara nyingi shaka ya namna hiyo huanza na wazo la ajabu, na wazo lenyewe si ugonjwa. Mwaka 1978 Stanley Rachman na Padmal de Silva, wakifanya kazi London, waliwauliza watu wazima wasio na tatizo lolote kama huwa wanajiwa na mawazo machafu au ya kutisha bila kuyaita. Takribani wanane kati ya kumi walikubali. Mama aliyesimama ghorofani na mtoto mkononi hupitiwa na wazo la kumwachia. Muumini aliyeinama kwenye sala hupitiwa na tusi. Walio wengi hushtuka kidogo, wakaendelea na shughuli zao, na wazo likaondoka. Wachache hulikamata. Hujiuliza: kwa nini mimi? Hujaribu kulifukuza, na linazidi kurudi. Daniel Wegner alilionyesha hilo mwaka 1987 alipowaomba watu wasimfikirie dubu mweupe kwa dakika tano, akawapa na kengele ya kugonga kila dubu huyo anapowajia. Kengele zililia kweli. Kisha mtu hutafuta kitendo cha kumtuliza: kunawa, kuhesabu, kuhakiki, kuuliza. Utulivu huja, lakini ni wa dakika chache tu, na ubongo unajifunza kwamba umeletwa na kile kitendo. Kesho kitahitajika mara mbili. Watu wapatao wawili katika kila mia hupatwa na hali hii kwa kiwango cha ugonjwa katika kipindi fulani cha maisha yao. Pwani yetu inamfahamu tangu zamani mtu wa wasiwasi wa udhu, anayebaki bombani akiosha kiwiko kilekile hadi jamaa wanatoa salamu.

Kinachonishughulisha zaidi ni kwamba utaratibu huu hauhitaji kichwa cha mtu mmoja. Ofisi inaweza kuupata, na hata kijiji au dola.

Mfano ninaoupendelea ni wa James Jesus Angleton, aliyeongoza kitengo cha kuzuia majasusi wa adui ndani ya CIA kuanzia mwaka 1954 hadi mwisho wa 1974. Alikuwa mtu wa kipekee: mpenzi wa mashairi, mkulima hodari wa maua ya okidi, mlaji wa chakula cha mchana kirefu. Aliyekula naye mara nyingi ni Mwingereza Kim Philby, mwakilishi wa ujasusi wa Uingereza mjini Washington kati ya 1949 na 1951. Philby alikuwa mtu wa Moscow miaka yote hiyo. Januari 1963 alitoweka Beirut, na ikabainika kwamba amekimbilia Urusi. Sidhani kuna jeraha linalomfaa zaidi wasiwasi kuliko hilo: rafiki uliyemhakiki kwa macho yako mwenyewe, mezani, ukapitwa.

Kabla ya hapo, Desemba 1961, afisa wa KGB aitwaye Anatoliy Golitsyn alikuwa amehamia upande wa Marekani kupitia Helsinki. Alileta mambo mawili. La kwanza, kwamba ndani ya CIA kuna pandikizi. La pili, kwamba kila Mrusi atakayekuja baada yake atakuwa wa bandia, ametumwa kumharibia jina. Tazama jinsi kauli ya pili inavyofunga milango yote. Ushahidi wowote wa kumpinga Golitsyn ungegeuka ushahidi wa kumthibitisha.

Mwaka 1964 akaja Yuri Nosenko, naye wa KGB, akisema pamoja na mengine kwamba KGB haikumtumia Lee Harvey Oswald, aliyemuua Rais Kennedy. Katika habari zake alikosea mambo kadhaa, na alidanganya kuhusu cheo chake. Alipokosea ilisemwa: ni mwongo aliyetumwa. Alipopatia ilisemwa: amefundishwa vizuri. Wakuu wa kitengo cha Urusi ndani ya CIA, shaka yao ikishabihiana na ya Angleton, walimfungia kwa siku 1,277 bila mahakama, sehemu kubwa ya muda huo akiwa peke yake katika chumba cha zege kilichojengwa kwa ajili yake Virginia. Baadaye CIA yenyewe ilimsafisha na kumpa kazi ya ushauri.

Msako wa ndani haukuwa na huruma zaidi. Golitsyn alisema jina la pandikizi linaanza na herufi K. Peter Karlow, afisa aliyepoteza mguu vitani, aliondolewa kazini mwaka 1963 kwa mwendo wa hoja za namna hiyo. Wengine walinyimwa vyeo bila kuambiwa sababu. Warusi waliojitolea kuipa Marekani siri walitiliwa shaka, na kazi ya kuwaandikisha wapya ikadorora, kwa kuwa kila aliyekubali alionekana amekubali kwa urahisi mno. Mwishowe mmoja wa watu wa Angleton, Clare Edward Petty, alikusanya mafaili, akapima nani amefanya madhara makubwa zaidi kwa shirika, akafikia hitimisho: pandikizi ni Angleton mwenyewe! Kwa mantiki ya ofisi ile hakukosea. Mkurugenzi William Colby alimwondoa Angleton Desemba 1974. Hakuna afisa wa CIA hata mmoja aliyethibitishwa kuwa pandikizi kutokana na msako ule, na mwaka 1980 Bunge la Marekani lilipitisha sheria iliyowezesha kuwafidia walioharibiwa kazi zao.

Halafu likaja dhara la pili, ambalo watu husahau kulihesabu. Shirika lililoungua hivyo likaogopa hata msako wa haki. Aldrich Ames alianza kuiuzia Moscow siri mwaka 1985. Alinunua nyumba kwa fedha taslimu, akaendesha Jaguar, huku mshahara wake ukijulikana. Alikamatwa Februari 1994, baada ya Warusi wasiopungua kumi waliokuwa wakiisaidia Marekani kuuawa kwao. Sababu za kuchelewa zilikuwa nyingi, uzembe ukiwamo, lakini chuki dhidi ya kila kilichonukia u-Angleton ilikuwa mojawapo.

Je, Angleton alikuwa mgonjwa? Simpimi mtu ambaye hajawahi kukaa mbele yangu, tena marehemu. Lakini ipo tofauti moja ambayo wasomaji wanastahili kuijua. Mgonjwa wa mawazo na vitendo vya kujirudiarudia kwa kawaida anajua kuwa wazo lake halina maana. Analionea aibu, analificha, anateseka nalo. Si mtu wa hatari. Wa kuogopwa ni yule ambaye wazo limemkaa na yeye amelikubali, hasa akiwa na muhuri, bajeti na walinzi. Huyo hateseki. Wanaoteseka ni wengine, na wale wenye ujasiri wa kumwambia kuwa mlango umefungwa ndio huondolewa kwanza. Stalin ni kielelezo cha kutisha. Januari 1953 magazeti ya Moscow yalitangaza kwamba madaktari mashuhuri wamekula njama za kuwaua viongozi. Daktari wake mwenyewe, Vladimir Vinogradov, alikuwa tayari gerezani. Machi mosi Stalin alipigwa na kiharusi, walinzi wakaogopa kuingia chumbani kwake, na madaktari wengi waliomfahamu walikuwa mahabusu. Alikufa Machi 5. Aprili madaktari wale waliachiwa; hapakuwa na njama yoyote.

Kwetu hapa mwaka 1995 ni mwaka wa popobawa, jini aliyesemwa kuwashambulia watu usiku. Hofu ilianzia Pemba wakati wa mfungo wa Ramadhani, ikavuka hadi Unguja na kugusa Dar es Salaam. Watu waliacha vyumba vyao wakalala nje kwa makundi, moto ukiwaka, wakikesha. Ilisemwa kwamba aliyeshambuliwa lazima awasimulie wengine, la sivyo jini atarudi; masharti ya namna hiyo hayahitaji redio ili yaenee. Ulikuwa pia mwaka wa uchaguzi wa kwanza tangu mfumo wa vyama vingi urejeshwe, na wapo waliomhusisha popobawa na siasa. Mjini Unguja mtu mmoja mwenye matatizo ya akili, aliyekuwa amekuja kutoka bara kutafuta tiba, alidhaniwa kuwa ndiye popobawa akauawa na umati.

Masimulizi mengi ya mashambulizi yale yanafanana sana na jinamizi: mtu anaamka, mwili haumtii, kifua kimelemewa, na anahisi kuna kitu chumbani. Tunajua kwamba kukosa usingizi na kulala kwa vipande vipande huzidisha hali hiyo. Kwa maoni yangu ulinzi wenyewe uliongeza mashambulizi. Aliyekesha jana akadamka amechoka, leo akisinzia alfajiri ni rahisi zaidi kupatwa, na akipatwa, mkesha wa kesho unakuwa na watu wengi zaidi. Na usiku uliopita salama nao ulihesabiwa upande uleule: tumesalimika kwa sababu tulikesha.

Ndiyo maana ubishi haumsaidii mtu wa wasiwasi, wala jamii yenye wasiwasi. Kila jibu unalolitoa ni hakikisho la ishirini na moja. Mbunge au mwanakijiji anayesaka vibaraka, wachawi au wasaliti anastahili kuulizwa swali moja tu kabla ya mjadala: ni kitu gani ukikiona utakubali kwamba mtuhumiwa hana hatia? Akikosa la kusema, kikao kivunjwe, kwa sababu hakuna uchunguzi unaofanyika hapo.

Kwa mtu mmoja mmoja tiba ipo, na ni ya upande wa pili kabisa wa silika. Mwaka 1966 mwanasaikolojia Victor Meyer wa London alieleza jinsi alivyowasaidia wagonjwa wawili kwa kuwakutanisha na wanachokiogopa na kuwazuia wasifanye kile kitendo cha kujituliza. Hofu ilipanda, ikakaa, ikashuka yenyewe. Hadi leo hiyo ndiyo njia kuu ya tiba ya mazungumzo, pamoja na dawa kama fluoksetini kwa wanaozihitaji. Mafakihi walifika karibu na hapo kwa njia yao: kanuni yao ni kwamba yakini haiondolewi na shaka, na mwenye wasiwasi wa udhu huambiwa apuuze shaka yake, aendelee kuswali. Mimi humwambia mgonjwa Mwislamu amfuate shekhe wake katika hilo kabla hajanifuata mimi.

Nanyi mnaoishi naye, sehemu yenu ni ngumu kuliko yake. Akiuliza kama mlango umefungwa, mjibuni mara moja. Akiuliza tena, msijibu, na msiende kumwangalizia kitasa ili mpate kulala. Msimkaripie wala kumcheka. Kama hali inamla zaidi ya saa moja kwa siku au inamkosesha kazi na shule, mpelekeni kwa wataalamu wa afya ya akili: Muhimbili, Mirembe ya Dodoma, Kidongo Chekundu Unguja na Mathari ya Nairobi wanaupokea ugonjwa huu. Mfikisheni mapema, wengi huuficha kwa miaka kabla ya kumwambia daktari neno la kwanza.