Lori likisimama, gharama haisimami

Wakazi wengi wa mji huu wa Eldoret hulitazama lori kwa jicho la lawama. Lori ndilo lizibalo njia mlimani, ndilo lifukizalo moshi, ndilo lipasualo lami ambayo sote tumeilipia kodi. Lawama hizo zina ukweli ndani yake. Hata hivyo, daftari lililo mbele ya mwanafunzi, sukari iliyo dukani na mbolea iliyo shambani kule Moiben, vyote vilitufikia juu ya magurudumu. Ukiona vyaelea, vimeundwa. Nia yangu leo si kulitetea lori wala kulihukumu, bali kuieleza hesabu yake, maadamu hesabu hiyo ndiyo inayoamua bei ya unga, hali ya barabara na, mara nyingine, uhai wa watu.

Msomaji akiulizwa ni nini kinachofanya uchukuzi uwe ghali, aghalabu atajibu kwamba ni umbali na bei ya dizeli. Jibu hilo si la uongo, lakini ni nusu tu ya jibu. Mwenye lori ana gharama za namna mbili. Ya kwanza ni ile inayokwenda pamoja na magurudumu: dizeli, matairi, oili na vipuri. Lori lisipotembea, gharama hii hupungua. Ya pili ni ile isiyojua kama lori linatembea au limelala: mkopo wa benki, bima, leseni, mshahara wa dereva na wa utingo wake. Hii hudai haki yake kila mwisho wa mwezi.

Naomba mwanafunzi achukue kalamu. Tuseme gharama hii ya pili ni shilingi 300,000 kwa mwezi. Lori likifanya safari 5 za kwenda Mombasa na kurudi, kila safari itabeba shilingi 60,000 za gharama hiyo. Likifanya safari 3, kila safari itabeba shilingi 100,000. Barabara haikurefuka hata kwa hatua moja, wala bei ya dizeli haikupanda, ilhali safari imezidi ughali kwa shilingi 40,000. Zimetoka wapi? Zimetoka katika siku ambazo lori lilisimama: bandarini likingoja hati, kwenye mizani likingoja zamu, mpakani likingoja muhuri, au ghalani likingoja wapakuzi walioondoka kwenda kula.

Mji wetu unapaswa kuifahamu hesabu hii kuliko miji mingi, kwa sababu uchukuzi ndio uliotulea. Mwaka 1910 pale penye shamba nambari 64, panapoitwa Sisibo hadi leo na wazee wetu, palifunguliwa posta, na mji ukaanza kuota. Miaka hiyo mizigo ilikokotwa na ng'ombe kutoka stesheni ya reli ya Londiani, na mvua ikinyesha magari hayo yalizama matopeni siku nyingi. Reli ilipofika hapa mwaka 1924, ndipo mazao ya Uasin Gishu yalipopata njia ya uhakika ya kuteremka pwani. Miaka 70 baadaye, mwaka 1994, bomba la mafuta kutoka Nairobi lilifika Eldoret. Mazungumzo ya kulifikisha Kampala yamedumu tangu miaka hiyo ya 1990, na bomba lenyewe halijajengwa. Kwa hivyo malori ya mafuta hujazwa hapa Eldoret na Kisumu, kisha hushika njia ya Uganda na nchi zilizo mbele yake.

Kwa maneno mengine, sisi tumekaa shingoni mwa njia. Shingo ikibanwa, mwili mzima hukosa pumzi. Ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007 zilipofunga barabara mwanzoni mwa mwaka 2008, Uganda na Rwanda zilikumbwa na uhaba wa mafuta ingawa hazikuwa na ugomvi wowote na mtu. Januari 2022, Uganda ilipoagiza madereva wote wapimwe ugonjwa wa Korona mpakani kwa malipo, madereva waligoma Malaba na Busia. Msururu wa malori ulinyooka makumi ya kilomita ndani ya Kenya, na bei ya petroli huko Uganda ikaruka. Hakuna aliyeziongeza kilomita za njia hiyo. Kilichoongezeka ni kusimama.

Kusimama kuna ndugu yake, naye ni kurudi mtupu. Mizigo inayoingia kupitia bandari ya Mombasa ni mingi mno kuliko inayotoka. Kwa hivyo lori hupanda likiwa limejaa na mara nyingi huteremka na kontena tupu, ambalo wenye meli hulidai kwa siku maalumu na hutoza faini likichelewa. Lori tupu halinywi maji ya mtoni. Hunywa dizeli, ijapokuwa kwa kiasi kidogo kuliko lililojaa. Basi mwenye mzigo uliopanda hulipia safari mbili, naye hutupitishia deni hilo sisi wanunuzi.

Hesabu ya mahindi ni vivyo hivyo. Lori lililobeba tani 27 hubeba magunia 300 ya kilo 90. Tuseme safari ya upande mmoja inagharimu shilingi 90,000. Kama lori hilo lilipanda na mzigo wa mtu mwingine, kila gunia litalipa shilingi 300. Kama lilipanda tupu kuja kuchukua mahindi tu, itabidi gunia lilipe pande zote mbili, yaani karibu shilingi 600. Mkulima wa Ziwa au wa Turbo atalaumu bei ya soko la Nairobi, na mnunuzi wa Nairobi atamlaumu mkulima, kumbe fedha zao wote zimemwagika barabarani kati ya Timboroa na Gilgil.

Sasa tuulize: hasara hii humwangukia nani? Mwenye kampuni kubwa anaweza kuipandisha nauli yake. Mwenye lori moja, aliyepewa kazi na kampuni kubwa, hana ubavu huo. Mara nyingi husubiri miezi 2 au 3 kabla ya kulipwa, na huku dizeli huinunua kwa fedha taslimu. Julai 2023 ushuru wa thamani katika mafuta ulipandishwa kutoka asilimia 8 hadi 16, na Julai 2024 ada ya kutunza barabara ilipandishwa kutoka shilingi 18 hadi 25 kwa kila lita. Mtu huyu hutafuta pahali pa kufidia, na pahali palipo karibu ni pawili tu: barabara na dereva.

Barabara huibebesha mzigo kupita kiasi. Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2013 inaruhusu tani 10 kwa ekseli moja yenye matairi pacha, na tani 56 kwa lori zima lenye ekseli 7. Mizani ya Mariakani, Athi River, Gilgil na Webuye imewekwa kulinda kiwango hicho. Mwenye kuongeza tani 2 hujiambia kwamba amezidisha sehemu moja tu kwa tano. Lami haihesabu hivyo. Majaribio makubwa yaliyofanywa katika jimbo la Illinois, Marekani, kati ya mwaka 1958 na 1960 yalionyesha kwamba madhara kwa barabara hukua takriban kwa kipeo cha nne cha uzito wa ekseli. Mwanafunzi na azidishe 1.2 kwa 1.2 mara nne, atapata 2.07. Tani 2 za ziada juu ya 10 huiumiza lami zaidi ya mara mbili. Faida ni ya mmoja, na gharama ya kuitengeneza upya barabara ni ya wote.

Dereva naye huchukua fungu lake kwa mwili wake. Wengi hupata mshahara mdogo na hutegemea posho ya safari. Akisimama siku 3 mpakani, posho haiongezeki, ila chakula atanunua na choo atalipia. Njia ikifunguka, hujaribu kuzirudisha siku zile kwa kuiba usingizi. Katika mazungumzo yangu na madereva wanaotia nanga pembezoni mwa mji huu, sijamsikia hata mmoja akijisifu kwa hilo. Wanalieleza kama mtu anavyoeleza deni.

Mteremko wa Salgaa ni ushahidi wa jambo hili. Kwa miaka mingi mteremko huo ulijulikana kwa desturi ya baadhi ya madereva kulitoa lori katika gia na kuliacha literemke kwa uzito wake, ili wabakishe lita chache za dizeli. Lori likiwa katika gia, injini huwa inasaidia kulizuia. Likitolewa, kazi yote huachiwa breki, nazo zikipata moto kupita kiasi hulegea na kushindwa. Lita zile chache zilikuwa nyongeza ya mshahara. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: kosa ni la dereva, na sheria imwadhibu. Lakini asiyeuliza kwa nini mtu aliyesoma mpaka akapata leseni anahatarisha roho yake na za wenzake kwa ajili ya lita za dizeli, huyo hajataka kuukomesha ugonjwa.

Nasema haya nikikumbuka tarehe 30 Juni 2023, lori lilipopoteza mwelekeo pale Londiani na kuwaua zaidi ya watu 50, wengi wao wachuuzi na wasafiri waliokuwa kando ya njia. Sidai kwamba ajali ile ilitokana na uchovu wala na posho. Nadai tu kwamba njia inayopitwa na malori mengi namna hii haiwezi kuachiwa mashindano ya walio na haraka na walio na njaa.

Yako yaliyofanyika, na ni haki kuyataja. Tangu mwaka 2014 nchi za Jumuiya zimekuwa zikitumia eneo moja la forodha, ambapo ushuru wa bidhaa za Uganda hushughulikiwa zingali Mombasa. Mwaka 2018 Busia ilizindua kituo ambamo maofisa wa nchi mbili hufanya kazi chini ya paa moja. Novemba 2025 ulizinduliwa upanuzi wa barabara ya Rironi hadi Mau Summit, ambayo watumiaji wake watalipa ada. Baadhi ya wenye malori wanailalamikia ada hiyo kabla hata haijaanza. Mimi naona kipimo chake kiwe saa. Barabara ikiwarudishia saa nyingi kwa kila safari, ada inaweza kujilipa yenyewe. Ikiwa saa zile zitakwenda kupotea tena Webuye au Malaba, watakuwa wamelipa mara mbili.

Lililobaki halihitaji saruji. Kwanza, anayelisimamisha lori alilipie. Mkataba wa kubeba mzigo useme wazi kwamba baada ya saa kadhaa za kupakia au kupakua, mwenye ghala atalipa kwa kila siku, na sehemu ya fedha hizo imfikie dereva. Siku ambayo kuchelewa kutakuwa na bei, wapakuzi watapatikana hata saa ya chakula.

Pili, vyama vya ushirika vya wakulima wetu vijifunze kalenda ya malori. Mbolea hupanda kuja kwetu kabla ya mvua za Machi, na mahindi mengi huuzwa kwa pupa mara baada ya mavuno ya mwisho wa mwaka, wakati kila mtu anatafuta lori. Chama kinachoweza kuhifadhi mahindi yakavu ghalani kingeyateremsha kwa malori yale yale yaliyoleta mbolea, yanayoondoka hapa matupu. Mkulima angepata nauli nafuu na mwenye lori angepata mzigo wa kurudi. Najua mwenye karo ya kulipa mwezi wa Januari hawezi kungoja. Ndiyo maana nasema chama, wala sisemi mtu mmoja mmoja.

Tatu, sisi walimu tuipeleke hesabu hii darasani. Mtoto wa Eldoret hujifunza vipeo kwa mifano isiyomhusu, na hali kila siku ekseli zinapita nje ya shule yake. Miongoni mwa wanafunzi wetu wamo ambao babaye yuko njiani wiki nzima, na wamo ambao kesho watachukua mkopo kununua lori wakiwa wamepiga hesabu ya mzigo wa kupanda tu. Afadhali wajue sasa kwamba faida ya lori haipimwi kwa ukubwa wa mzigo bali kwa idadi ya siku linazotembea likiwa limejaa.

Basi, msomaji, utakapoona tena msururu wa malori yaliyozima injini kando ya njia, usidhani umeona mali iliyopumzika. Kila moja linaendelea kudai mkopo, bima na mshahara, na bili hiyo itafika jikoni kwako ndani ya pakiti ya unga.