Uandishi wa Wasifu wa Wafanyabiashara wa Manyoya Waliosahauliwa: Mfano wa Thanadelthur

Nyaraka nyingi za biashara ya manyoya katika Amerika ya Kaskazini ziliandikwa na makampuni kwa ajili ya hesabu na uendeshaji wa vituo vyao. Kwa sababu hiyo, mtu aliyetenda makubwa huweza kutajwa humo mara nyingi bila jina lake kuandikwa.

Mfano bayana ni Thanadelthur, mwanamke wa jamii ya Wadene aliyetoroka utumwani kwa Wakri na kufikishwa York Factory, kituo cha Kampuni ya Hudson's Bay, mwaka 1714. Mwaka uliofuata aliongoza msafara uliozipatanisha jamii hizo mbili na kuifungulia kampuni njia ya biashara kaskazini. Alifariki Februari 1717. Gavana James Knight alieleza matendo yake kwa kirefu katika shajara za kituo, lakini alimwita tu "Mwanamke Mtumwa". Jina lake lilihifadhiwa katika masimulizi ya Wadene.

Hivyo, mwanahistoria huvisoma vyanzo hivyo viwili kwa pamoja. Shajara humpa tarehe na mfuatano wa matukio, zikiyatazama kwa jicho la kampuni. Masimulizi humpa jina na nafasi ya mhusika katika kumbukumbu za watu wake. Vyanzo vinapotofautiana, tofauti hiyo huelezwa. Vinaponyamaza, pengo halizibwi kwa ubunifu. Wasifu uliotegemea shajara pekee ungemwacha Thanadelthur bila jina.