Tusipite Tu Njiani

Wengi wetu tukisafiri huwaza mwisho wa safari tu. Sisi na watoto wetu tulipotoka Tanga kwenda Pangani, mwendo wa kilomita kama 50, tuliteremka njiani.

Tuliteremka Tongoni. Hapo pana msikiti wa kale na makaburi kama 40. Yalijengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, zaidi ya miaka 500 iliyopita. Watoto wakauliza, "Mbona nguzo hizi za makaburi zina mashimo ya mviringo?" Tukawaeleza kwamba zamani mabakuli ya kauri kutoka ng'ambo yalipachikwa humo kuwa pambo. Mabakuli yaling'olewa. Leo yamebaki mashimo matupu.

Kisha tukaenda Pangani. Tuliona mto ukiingia baharini, na kivuko cha kwenda Bweni. Katika mji huu, Desemba 1889, Wajerumani walimnyonga Bushiri bin Salim, kwa sababu aliwaongoza watu wa pwani kupinga utawala wao.

Kumbe historia haimo vitabuni tu! Basi, mkisafiri fanyeni hivi:

Chukueni maji na chakula.

Kabla ya kuteremka, ulizeni saa ya basi la mwisho.

Waombeni wazee wa hapo wawaeleze.

Watoto wasipande juu ya makaburi, wala wasichukue jiwe. Jiwe moja ni dogo, lakini hata mabakuli yalikwisha moja moja.

Mkirudi nyumbani, kila mmoja aandike daftarini aliyoyaona. Hiyo ndiyo faida ya kujua kusoma na kuandika.